Usiwashe

Magogoni, Kisauni
14 Februari 2023

Kwako mwanangu Mbeyu, uliyebeba jina la mama yangu,

Marahaba, maana najua umeshaniamkia kabla hujaifungua bahasha hii. Sisi huku tu wazima. Mama yako magoti yanamsumbua lakini kwaya hajaiacha. Mdogo wako Fidel na mkewe Lynnette wanakusalimu. Wamehamia kile chumba chako cha nyuma, na Lynnette amezipaka kuta rangi ya samawati ambayo mimi nisingeichagua, ila sikuulizwa.

Kazi ipo. Tuna milango kumi na minne ya nyumba ya wageni kule Nyali, na mwenyewe anataka mvule mtupu. Fidel ndiye anayechonga maua ya juu ya fremu. Mkono wake umekuwa mwepesi kuliko wangu, lakini usimwambie kwamba nimekuandikia hivyo.

Ulimuuliza mama yako kwa nini nikipewa simu naitika naam, naam, kisha namrudishia. Wewe unajua kwa nini. Sikio la kushoto limekwisha kabisa. La kulia bado linashika mlio wa mashine na honi za magari, lakini maneno ya watu hayafiki isipokuwa mtu anitazame usoni nimwone midomo. Miaka thelathini na moja mbele ya mashine ya kupasulia mbao, sina wa kumlaumu. Na hizo jumbe za simu, herufi zake ni ndogo kama chawa. Ndiyo sababu nakuomba uniandikie kwa karatasi, uwape watu wa basi, nami nitakujibu.

Mama yako anadhani ni ukaidi wa uzee. Fidel hajui kitu. Liwe hivyo hivyo.

Baba yako,
Karisa

*

Lodwar
19 Machi 2023

Baba, shikamoo.

Barua yako imenifikia mkunjo kwa mkunjo, ikinuka gundi na msasa, na mwalimu mwenzangu Sarah ninayeishi naye akaniuliza ni nani ameniletea harufu ya fanicha. Mimi ni mzima. Joto la hapa si kama la kwetu. La kwetu lina maji ndani yake, hili ni kavu, linapasua mbao hata kabla hujazipima. Chuoni nina wanafunzi ishirini na wawili na randa sita. Wanaponiita mwalimu bado nageuka kumtafuta anayeitwa.

Nimefurahi kuhusu milango. Nimefurahi zaidi kuhusu mkono wa Fidel, nami nitakaa kimya kama ulivyotaka.

Sasa baba, nisikilize. Nilipokuwa huko nilisimama upande wako wa kulia, pale karibu na dirisha, kila siku kwa miaka minne. Mteja akisema, mimi nalirudia neno lake nikikutazama usoni, kana kwamba nafanya mzaha. Mtu akikuita, nakugusa bega. Ukiwasha mashine, unanitazama kwanza. Hakuna aliyetugundua, hata mama. Leo nani anasimama pale dirishani?

Mwambie Fidel. Huna haja ya kuwaambia wateja wala kanisa zima. Mwambie yeye peke yake, ili ajue kukugusa bega.

Msalimie mama. Mwambie nilipata kitambaa alichonitumia.

Mwanao,
Mbeyu

*

Magogoni
2 Mei 2023

Mwanangu Mbeyu,

Huku mvua imeanza, na paa la karakana linavuja palepale linapovuja kila mwaka. Mama yako anakusalimu. Mbeyu, mama, usinisukume.

Wewe hukumkuta mzee Erastus aliyenifundisha kazi pale Kisauni. Alikuwa fundi ambaye watu walivuka maji kumfuata. Siku walipojua kwamba hasikii, wateja wakaanza kuzungumza na sisi vijana wake juu ya kichwa chake, kana kwamba yeye ni meza. Kisha hakuulizwa vipimo. Kisha akawekewa kiti mlangoni, akaambiwa mzee pumzika. Alikaa kwenye kiti kile miaka miwili akitazama watu wakiharibu mbao zake, halafu akafa. Mimi nilikuwa mmoja wa waliozungumza juu ya kichwa chake.

Sitaki kiti kile. Fidel namsoma midomo vizuri, anasema polepole kama mama yake. Tunaelewana.

Umesema unanitaka nikusikilize. Nimekusikiliza.

Baba yako,
Karisa

*

Lodwar
30 Juni 2023

Baba, shikamoo.

Leo sina habari za kutangulia. Mama amenipigia simu. Amesema Fidel aliumia kwenye mashine tarehe tisa, na kwamba walinificha wiki tatu nisije nikaacha mitihani ya wanafunzi. Amesema vidole vinne vya mkono wa kulia. Nikamwuliza mara mbili, nikidhani simu inakatika.

Amesema ulikuwa uzembe wa Fidel mwenyewe. Nimempigia Fidel mara nyingi, hapokei.

Ilikuwaje, baba?

Mbeyu

*

Magogoni
13 Agosti 2023

Mwanangu Mbeyu,

Salamu zako zimefika. Mama yako magoti yana nafuu, daktari amembadilishia dawa. Mwenye nyumba ya wageni alikuja, tumempa milango tisa, iliyobaki amekubali iwe ya kawaida bila maua. Paa nimeliziba kwa bati la zamani la jikoni. Changawa, yule jirani wa kuchomelea vyuma, amefiwa na mama yake, tulikwenda kuzika Kaloleni na watu walikuwa wengi.

Kuhusu mdogo wako, kidonda kimefunga. Alikuwa ameingiza mkono chini ya mashine kurudisha mkanda uliochomoka, na mashine ikawaka. Ni mambo ya kazi. Yeye na Lynnette wamehamia Likoni, wanasema ni karibu na biashara ya Lynnette.

Jitunze na jua la huko.

Baba yako,
Karisa

*

Lodwar
3 Septemba 2023

Baba,

Shikamoo. Mashine haiwaki yenyewe. Swichi iko ukutani, hatua nne kutoka kwenye mkanda. Nani alikuwa kwenye swichi?

Mbeyu

*

Magogoni
29 Oktoba 2023

Mwanangu,

Barua yako nimekaa nayo kwenye mfuko wa shati hadi karatasi imelainika. Salamu za nyumbani zipo, lakini wacha niandike hili kabla sijarudi nyuma.

Mimi ndiye niliyekuwa kwenye swichi.

Ilikuwa Ijumaa asubuhi. Tulikuwa tunapasua mbao za mlango wa kumi. Mkanda ukachomoka, nikazima, Fidel akapiga magoti, akaingiza mkono chini. Alikuwa amenipa mgongo. Nikaona bega lake linacheza, nikaona kichwa kimeinuka kidogo kama mtu anayesema neno. Neno lenyewe lilinifikia mkia tu. Nilisikia washe. Nikasema haya, nikawasha.

Alikuwa amesema, "Baba, usiwashe."

Hayo mengine sitakuandikia. Changawa ndiye aliyetupeleka hospitali. Nilikaa na Fidel nyuma ya gari, nimeushika ule mkono kwa kitambaa cha kufutia vanishi, na yeye alikuwa ananiambia jambo njia nzima akiwa amefumba macho. Sijui alikuwa anasema nini.

Sasa sikiliza lililo baya zaidi. Aliporudi nyumbani, mchungaji alikuja kutuombea. Mama yako akauliza mbele ya wote ilikuwaje. Fidel akanitazama, akasema, "Nilimwambia asiwashe." Nilimsoma midomo, hakuna herufi iliyonipita. Nami nikajibu, "Aliniambia niwashe."

Kwa sekunde ile nilijiambia si uongo, ndivyo nilivyosikia. Mama yako akasema labda mtoto alikuwa na haraka, alichanganya. Mchungaji akasema ajali ni ajali. Fidel alinitazama kwa muda mrefu. Alikuwa anangoja niseme jingine. Nikainuka kwenda kufunga karakana, na ilikuwa bado saa nane mchana.

Walihama siku ya tatu yake. Hapa mtaani wanajua kwamba mwanangu alijikata kwa uzembe kisha akamsingizia babake. Hata kanisani wanajua hivyo. Mimi ndiye niliyeliacha lienee.

Karisa

*

Lodwar
20 Novemba 2023

Baba, shikamoo.

Nimeisoma barua yako nikiwa nimesimama, nikaisoma tena nimekaa. Sarah alinikuta gizani, sikuwa nimewasha taa.

Na mimi nina langu. Niliwaambia wote kwamba nimekuja huku kwa sababu ya ajira. Ajira ya aina hii ilikuwepo hata Kwale, baba. Nililiona tangazo lake, sikulijibu. Nilichagua mbali. Nilikuwa nimechoka kuwa masikio yako. Nilikuwa na miaka ishirini na tisa na sikuweza kwenda harusini Jumamosi kwa kuwa Jumamosi kuna kupasua mbao na mtu lazima asimame dirishani. Nilipoondoka ningeweza kumnong'oneza Fidel neno moja tu. Nilinyamaza kwa kuwa uliniapisha, na pia, Mungu anisamehe, kwa kuwa nilitaka mara moja uone ilivyo bila mimi.

Kwa hiyo sikuandikii kama hakimu. Lakini Fidel amepoteza mkono wake wa kazi, na juu yake ameitwa mwongo. Mkono hatuwezi kumrudishia.

Nenda Likoni. Umwambie kwa kinywa chako. Nakupa mpaka mwisho wa Januari, kisha nitamwambia mimi.

Mwanao,
Mbeyu

*

Magogoni
21 Januari 2024

Mwanangu Mbeyu,

Krismasi tulikula wawili, mimi na mama yako, na sahani mbili zikabaki kabatini. Jana nilikwenda.

Fidel amepata kazi ya kulinda lango katika bohari moja la mbao kule Likoni. Nilishuka kwenye feri nikauliza, watu wakanielekeza. Nilimkuta amekaa kwenye benchi kando ya lango, mkono wa kulia ameuficha ndani ya mfuko wa koti, na kwa joto lile hakuna mwingine aliyevaa koti. Amekonda. Aliponiona alisimama, akaniamkia. Hilo hajaliacha.

Sikuketi. Nilikuwa nimelipanga neno langu tangu Magogoni, nikaogopa nikiketi litamwagika. Nikamwambia, "Fidel, wewe ulisema kweli. Mimi sikusikia. Mimi ni kiziwi, na nimekuwa hivyo miaka sita. Niliwadanganya mama yako na mchungaji, nikakuacha ubebe."

Alitazama chini. Kisha lori la mbao likafika langoni likapiga honi, naye akageuka kulifungulia. Na wakati amegeuka, Mbeyu, aliniambia neno. Nililiona taya lake linakwenda. Halikuwa neno fupi. Midomo sikuiona.

Ningeweza kumwambia rudia. Nilikuwa nimetoka kumwambia kwamba mimi ni kiziwi, na bado nikaona haya kumwambia rudia. Nikasema, "Haya, mwanangu." Akaendelea kufungua lango, lori likapita kati yetu, vumbi likajaa, na lilipotulia alikuwa ameshakwenda na dereva kuhesabu mbao. Nikarudi feri.

Jioni nilimwambia mama yako yote. Hajanigombeza. Amehamia chumba cha samawati, analala huko.

Nakuomba jambo moja. Muulize mdogo wako aliniambia nini. Sitaki kurudi pale bila kujua. Huenda alinisamehe, nami nikapita kama sikuona. Huenda alinitukana, na ni haki yake. Nitangoja barua yako kabla ya kuvuka tena.

Baba yako,
Karisa

*

Lodwar
25 Machi 2024

Baba, shikamoo.

Nimechelewa. Mwezi wa pili wote Fidel hakupokea simu yangu, na alipopokea tulizungumza habari za jua na kazi, akaaga. Mama aliniambia nimweleze yeye akufikishie. Nilikataa. Neno hili lilikuwa lako, nisingependa lipite kinywa cha mtu mwingine.

Juzi Fidel alinipigia mwenyewe. Nikamuuliza. Akasema hivi, nami nayaandika kama alivyoyasema: "Nilimwambia asije tena. Nilimwambia nimemsikia, lakini asije tena pale. Akasema haya."

Sitakuficha, baba. Ndilo alilolisema.

Lakini hakuishia hapo. Akaniambia kwamba neno lake alilitoa kwa hasira, na alipokuwa anasukuma lile lango alikuwa anangoja ukatae. Alitaka useme utakuja tu. Alitaka umgombeze, kama ulivyokuwa unamgombeza akiacha patasi kwenye mvua. Badala yake akasikia haya, upesi, kama mtu aliyetuliwa mzigo. Anasema vidole viliuma, na siku ya mchungaji iliuma, lakini haya ile imemkaa kuliko vyote.

Nikamwambia kwamba hukusikia. Nikamwambia ulijibu usichokijua, kama ulivyojibu siku ile ya mashine. Nilisikia magari nyuma yake, nikasikia pumzi yake, halafu simu ikakatika. Tangu hapo haipatikani.

Vuka, baba. Usingoje jibu langu jingine. Ukifika mwambie akutazame usoni.

Nampa Sarah barua hii, anakuja Mombasa kwa likizo.

Mwanao,
Mbeyu

*

Magogoni
28 Aprili 2024

Mwanangu Mbeyu,

Marahaba. Sarah alifika siku kumi zilizopita. Mvua ilikuwa imekata barabara huko juu, walilala njiani siku kadhaa, kisha akaugua malaria kwao kabla ya kunitafuta. Aliomba radhi sana. Nimempa kigoda cha mwarobaini, amekipenda.

Niliisoma barua yako nikiwa nimesimama mlangoni, nikavaa viatu papo hapo. Mama yako akaniuliza kwa ishara nakwenda wapi, nikampa asome. Akachukua mtandio wake tukaenda wote. Ni mara ya kwanza tangu Januari kutembea naye njia moja.

Langoni tulikuta kijana mwingine. Aliniambia kitu, mama yako akanigusa bega, akarudia maneno yake akinitazama usoni, polepole. Fidel aliacha kazi tarehe kumi na mbili. Yeye na Lynnette wamekwenda kwa wazazi wa Lynnette, Kitui ndani, kulima. Yule kijana alisema Fidel alikuwa na tabia ya kukaa benchi ile akitazama upande wa feri, na mara mbili mwezi wa tatu alimwomba amshikie lango, akatembea mpaka kivukoni, akarudi bila kuvuka.

Mama yako alikaa kwenye benchi ile hadi alipoweza kusimama.

Mbeyu, sikuandikii ili ujilaumu kwa barua kuchelewa. Ningeweza kuvuka Jumamosi yoyote kati ya zile. Niliogopa, nikaiita hofu yangu kungoja barua.

Jumapili iliyopita nilisimama kanisani, nikasema mbele ya watu wote ilivyokuwa. Sikusikia walichojibu, na sikumwomba mtu arudie. Mashine nimeifunga. Kazi ndogo naifanya kwa msumeno wa mkono, na wateja wananiandikia kwa penseli kwenye kipande cha mbao. Baadhi wamekwenda kwingine. Hakuna aliyeniletea kiti.

Nilitaka kufunga safari kwenda Kitui. Mama yako amesema nisiende. Amesema mtu aliyekimbia hivyo asifuatwe mbio, aachwe kwanza akae. Nimemwelewa, ingawa usiku miguu yangu haielewi.

Kwa hiyo ukimpata, kwa namba yoyote, usimwombe kitu kwa niaba yangu. Usimwambie anisamehe wala arudi. Muulize tu kama mkono unamuuma wakati wa baridi, maana huko kwao Lynnette nimeambiwa mwezi wa saba baridi ni kali, na daktari alituonya. Jibu lolote atakalolitoa, liandike lote, hata likiwa baya, uniletee.

Baba yako,
Karisa